Kiharusi kina sura nyingi: namna ya kukijua na cha kufanya saa hiyohiyo

Mjomba wangu aliamka alfajiri ya Ijumaa ajiandae kwenda msikitini, akashindwa kufunga vifungo vya kanzu. Mkono wa kulia umekua kama siyo wake. Akamwita mkewe, maneno yakatoka kama ya mtu aliyejaza ubwabwa mdomoni, mkewe akamwambia jilaze tu jana ulishinda juani. Akalala. Sisi tunapigiwa simu saa nne asubuhi, tunafika pale mdomo umeshaenda upande, kuna mzee anamsomea, kuna jirani kamtumbukizia kidonge chake yeye cha presha chini ya ulimi, na kijana mmoja ana sindano ya cherehani anamtoboa ncha za vidole kwa sababu aliona kwenye meseji ya WhatsApp kwamba ukitoa damu vidoleni kiharusi kinaisha. Hospitali tumefika saa nane mchana. Daktari swali lake la kwanza halikuwa jina wala umri, aliuliza "mara ya mwisho mlimwona akiwa mzima ilikua saa ngapi?" tukatazamana.

Hilo swali ndo limenifanya niandike yote haya. Mimi siyo daktari, nauza vipuri, ila miaka mitatu ya kumpeleka mjomba kliniki na mazoezi nimeuliza sana mpaka manesi wamenizoea, na nimegundua kitu kimoja: sisi wengi tunajua kiharusi ni mdomo kwenda upande na mkono kufa, basi. Kumbe kuna aina zake, na kuna nyingine mdomo hauendi popote na mtu anatembea kabisa.

Kinachotokea kichwani

Ubongo hauna stoo. Msuli unaweza kukaa kidogo bila damu ukavumilia, ubongo hapana, unakula hewa na sukari inayoletwa na damu dakika kwa dakika. Sasa ile mishipa inayoleta damu ni kama bomba la mtaani, linaharibika kwa njia mbili tu, ama limeziba ama limepasuka. Likiziba sehemu ya mbele inakauka, likipasuka damu inamwagika ndani ya fuvu ambapo hakuna nafasi ya ziada, inaanza kuubana ubongo wenyewe. Mshipa mkubwa ukiziba, seli za ubongo karibu milioni 2 zinakufa kila dakika moja. Soma tena hiyo alafu fikiria sisi na yale masaa yetu kuanzia alfajiri mpaka saa nane mchana.

Kiharusi cha kuziba

Hiki ndo kingi, kwenye nchi tajiri ni kama asilimia 85 ya vyote, ingawa huku kwetu Afrika kile cha kupasuka kinachukua sehemu kubwa kuliko inavyokua Ulaya, na sababu kubwa ni presha ambazo hazijatibiwa.

Kitu cha kwanza ujue kuhusu cha kuziba ni kwamba mara nyingi HAKIUMI. Ndo maana watu wanalala nacho. Mtu akivunjika mguu anapiga kelele nyumba nzima inaamka, mtu mshipa wa ubongo umeziba anasema tu "mkono umekufa ganzi nimeulalia vibaya" na anageuka upande wa pili. Kinakuja ghafla, hiyo ndo alama yake, dakika hii mzima dakika ile siyo mzima, kama taa ilivyozimwa.

Bonge linaloziba linatoka wapi? Kuna linalotokea kwenye mishipa mikubwa ya shingo iliyojaa mafuta. Kuna linalotoka kwenye moyo: moyo ukipiga bila mpangilio damu inatuama mle ndani inaganda, kipande kinachomoka kinapanda juu, na hapa kwetu kuna vijana kabisa ambao milango ya moyo iliharibika utotoni kwa homa ya baridi yabisi iliyoanza na mafindofindo ambayo hayakutibiwa. Kwa hiyo ukisikia binti wa miaka 25 kapata kiharusi usikimbilie kusema karogwa, uliza moyo wake ukoje. Na kuna mishipa midogo midogo ya ndani kabisa inayochoka kwa sababu ya presha na kisukari, ikiziba mojawapo mtu anaweza kupata ganzi ya upande mmoja tu, au udhaifu wa upande mmoja tu, huku anaongea vizuri na akili iko sawa kabisa. Hawa ndo wanaoambiwa "ni uchovu".

Alafu suala la pande. Ubongo wa kushoto unaendesha mwili wa kulia, na kwa watu wengi ndo unaoendesha na lugha pia. Kwa hiyo akipooza kulia mara nyingi na maneno yanapotea, anakutazama anajua anachotaka kusema ila anaita kikombe kiatu, au hakuelewi kabisa ukimwambia kitu, na watu wanadhani kachanganyikiwa. Akipooza kushoto, yani tatizo liko ubongo wa kulia, kuna kitu cha ajabu zaidi kinaweza kutokea: mtu mwenyewe hajui kama anaumwa. Unamwambia mzee mkono wako haufanyi kazi anakwambia mbona mzima, anakula wali wa nusu ya sahani upande wa kulia anaacha wa kushoto na kulalamika mmempimia kidogo. Siyo ukaidi, ubongo umeufuta ule upande. Huyu usimsikilize akisema "niacheni sina tatizo", mpakie kwenye gari.

Kile cha nyuma ya ubongo, kinachoonekana kama ulevi

Hapa nakaa kidogo maana ndo kinachokosewa sana. Mishipa inayopanda nyuma ya shingo inalisha sehemu za kushika mizani, macho, kumeza, na hata kupumua. Ikiziba, mkono unaweza kuwa mzima na mdomo umenyooka, lakini mtu ghafla anapata kizunguzungu kikali dunia inazunguka, anaona vitu viwili viwili, anatapika, ulimi mzito, anayumba kama katoka kilabuni. Konda anaweza kumshusha akidhani kalewa. Nyumbani anaambiwa ni malaria au sumu ya chakula.

Sasa kizunguzungu peke yake kina sababu mia moja, siyo kila kizunguzungu ni kiharusi, ila angalia kama kimekuja ghafla NA kuna kingine kimeambatana nacho, kuona viwiliviwili, kushindwa kukaa au kusimama bila kushikwa, kushindwa kumeza, sauti kubadilika. Mwambie aguse pua yake kwa kidole alafu aguse kidole chako, arudie. Kidole kikipita pembeni mara zote, msianze kutafuta dawa ya malaria.

Kiharusi cha kupasuka

Huyu mara nyingi ni mtu wa presha ya muda mrefu, aliyeacha dawa kwa sababu "najiskia vizuri". Mshipa mdogo uliochoka unaachia, damu inamwagika ndani ya ubongo. Mwili unaweza kupooza upande mmoja vilevile kama kile cha kuziba, lakini mara nyingi kinakuja na kichwa kuuma sana, kutapika, na hali inashuka mbele ya macho yenu, saa tatu anaongea, saa tatu na nusu anasinzia, saa nne hamumwamshi. Degedege pia linaweza kuja.

Nimesema mara nyingi, sijasema kila mara. Na hapa ndo pana jambo ambalo ningependa kila mtu alibebe: nyumbani HUWEZI kujua kama ni cha kuziba au cha kupasuka. Hata daktari hawezi kwa macho, anahitaji siti-skani, ile mashine ya kupiga picha ya ndani ya kichwa. Ndo maana ile tabia ya kumpa mtu aspirini kwa sababu ulisikia inasaidia kiharusi ni kamari, ikiwa mshipa umepasuka umemwongezea kuvuja. Na kidonge cha presha chini ya ulimi nacho hivohivo, kwenye kiharusi cha kuziba ile presha iliyopanda ndo inasukuma damu kidogo ipite pembeni ya bonge, ukiishusha kwa kishindo unaikausha ile sehemu iliyokua bado inajitahidi kuishi. Hospitali wanaishusha kwa vipimo na kwa kadiri. Jirani yetu alitaka kusaidia, simlaumu, ila kile kidonge kilikua cha kwake na hakuna aliyepima presha kwanza.

Kiharusi cha kupasuka kina ndugu yake mwingine, damu inayovuja siyo ndani ya ubongo bali juu yake, kati ya ubongo na ngozi zinazoufunika. Mara nyingi ni kivimbe kwenye mshipa, kama pale mpira wa baiskeli unapotoa nundu, kikapasuka. Dalili yake ni kichwa. Siyo kichwa cha kawaida, ni kichwa kinachofika kileleni ndani ya sekunde au dakika moja, watu wanasema nimepigwa nyundo kisogoni, hakijawahi kuniuma hivi toka nizaliwe. Shingo inakakamaa, mwanga unaumiza macho, anatapika, anaweza kuzimia. Na mikono miguu inaweza kuwa mizima kabisa! Mtu wa hivi ukimpima uso na mkono anafaulu, ukampa Panadol akalale, kumbe kile kivimbe kinaweza kuvuja tena usiku uleule.

Kinachokuja na kuondoka

Mkono unakufa dakika kumi, au jicho moja linaingia giza kama pazia limeshushwa, au maneno yanagoma, alafu vyote vinarudi. Watu wanashukuru Mungu wanaendelea na biashara. Madaktari wanaandika TIA kwenye cheti, mtaani wanaita kiharusi kidogo, na hilo jina silipendi kwa sababu linapumbaza. Bonge liliziba likajiachia, lilikotoka bado kupo. Katika watu 10 wa namna hii kama mmoja anapata kiharusi kamili ndani ya siku 90, na nusu ya hao ni ndani ya siku mbili za mwanzo. Kwa hiyo unaenda hospitali siku ileile, umepona au hujapona. Mjomba baadae akatuambia wiki moja kabla kikombe kilimponyoka mkononi mara mbili akacheka tu.

Wanaosahaulika

Mama aliyejifungua wiki chache zilizopita, kichwa kinamuuma siku ya tatu hii na kinazidi, macho yanafifia, alafu anapata degedege. Mishipa inayorudisha damu kutoka kichwani inaweza kuganda, na hii inakuja polepole siyo ghafla kama ndugu zake. Inaweza pia kuwa kifafa cha mimba, ambacho hata baada ya kujifungua kinakuja. Vyote viwili ni hospitali, siyo "kachanganyikiwa na uzazi".

Na watoto wenye selimundu, yani sikoseli. Tanzania ni kati ya nchi ambazo watoto wengi sana duniani wanazaliwa nayo, na selimundu inaziba mishipa ya ubongo kwa mtoto wa miaka mitano sita. Mtoto aliyekua anakimbia kaanza kuchechemea, au kaacha kutumia mkono mmoja, au shuleni ghafla haelewi, usimchape. Kama unaye mtoto huyu uliza kliniki kuhusu kile kipimo cha mawimbi ya sauti, kama ultrasound ya wajawazito, cha kupima kasi ya damu kichwani na kuhusu dawa ya haidroksiurea.

Namna ya kupima ndani ya dakika moja

Mwambie acheke aonyeshe meno, upande mmoja unabaki chini? Mwambie anyanyue mikono yote mbele afumbe macho, uhesabu mpaka kumi, mmoja unashuka? Mwambie aseme "haba na haba hujaza kibaba", hakuna Mswahili asiyeijua hiyo, kama inatoka kokoto au anaipotosha umeshapata jibu. Alafu ongeza macho na mizani: anaona vizuri pande zote? anaweza kukaa bila kushikwa? Kimoja tu kikiwa kimeharibika GHAFLA kinatosha, usisubiri vikamilike kama kadi ya bingo.

Vinavyofanana nacho vipo. Sukari ikishuka sana, hasa kwa mtu anayechoma insulini, anaweza kupooza upande na kuongea ovyo, ukiwa na mashine ya sukari pima haraka, na ikiwa imeshuka kweli bado nenda hospitali. Mshipa wa fahamu wa uso ukivimba mdomo nao unaenda upande, ila hapo hata paji la uso linagoma, hawezi kukunja ndita wala kufumba jicho, wakati kwenye kiharusi paji mara nyingi linabaki zima. Nimekuandikia ujue, siyo ukae nyumbani ukichunguza paji la uso wakati gari linasubiri.

Cha kufanya

Andika saa. Siyo saa mliyogundua, bali saa ya mwisho mtu yeyote alimwona au kumsikia akiwa mzima, hizo ni saa mbili tofauti. Kama kaamka nacho, saa yenyewe ni ile aliyolala jana, au alipoamka usiku kwenda chooni akatembea vizuri. Mjomba alimpigia mwanae simu saa nne usiku wakacheka, hiyo ndo ilikua saa yetu na hakuna aliyemtajia daktari.

Kwa nini saa ina uzito hivo? Kuna dawa ya kuyeyusha bonge inayochomwa kwenye mshipa, inatolewa ndani ya masaa manne na nusu, na siti-skani lazima itangulie kuonyesha hakuna damu iliyovuja. Haipo kila hospitali na bei yake siyo mchezo, lakini pale ilipo hawawezi kukupa kama hujui saa. Kuna na utaalamu wa kuingiza waya na kulivuta bonge lenyewe, huo vituo vyake ni vichache zaidi.

Chagua pa kwenda. Zahanati ya mtaani wana moyo ila hawana siti-skani, mtapoteza saa nzima kupata barua ya rufaa. Siku hizi hospitali nyingi za rufaa za mikoa zina mashine hiyo, achilia mbali zile kubwa kama Muhimbili ya Dar, KCMC ya Moshi na Bugando ya Mwanza. Mmoja apige simu njiani aulize "mashine leo inafanya kazi?" maana kuna siku haifanyi. Lakini kama hapumui vizuri au hamumwamshi, nenda pa karibu zaidi kwanza wamsaidie kupumua. Ambulansi haijaja? Bajaji, teksi, pikapu ya jirani, chochote anachoweza kulala ndani yake. Bodaboda hapana, mtu aliyepooza ataanguka.

Mlaze kwa ubavu hasa kama anatapika au anasinzia. USIMPE kitu mdomoni, si maji, si uji, si dawa, si asali ya mtu yeyote, mpaka hospitali wapime kama anameza. Hii sisi tulikosea, tukiwa tunasubiri gari mkewe akamnywesha uji kidogo apate nguvu, uji ukaingia njia ya hewa, siku ya tatu kapata nimonia na ile nimonia ndo ilitaka kumwondoa kuliko kiharusi chenyewe. Sindano vidoleni ni uongo mtupu, inapoteza muda na inaleta vidonda. Na wale wa kusoma, shehe au mchungaji, mpandisheni garini asome njiani, hakuna aliyekatazwa kuomba na gari linatembea.

Beba dawa zake zote kwenye mfuko hata kama huzijui, na kama anatumia dawa ya kulainisha damu sema hata kabla hujaulizwa. Beba kadi ya bima. Aende na yule aliyemwona mwisho, siyo yule mwenye sauti kubwa kwenye ukoo.

Ukifika sema neno "kiharusi" na sema saa, usiseme "mgonjwa wetu kaishiwa nguvu" maana mtakaa kwenye benchi. Na usishangae siti-skani ikitoka "safi" wakati mtu kapooza, damu iliyovuja inaonekana nyeupe palepale ila sehemu iliyoziba inaweza isionekane masaa ya kwanza, kwa hiyo picha safi haimaanishi kwamba hana kitu. Mkichelewa pia nendeni, bado kuna mengi ya kufanya, kumlinda asipate nimonia na vidonda, kuanza aspirini baada ya picha kama ni cha kuziba, kujua kilitoka wapi kisirudi, na mazoezi kuanza mapema.

Kuhusu presha, kwa ufupi

Kuna utafiti ulifanyika Tanzania kati ya 2003 na 2006, Hai kule Kilimanjaro na hapa Dar es Salaam. Ukisawazisha umri, Hai walipata kama viharusi vipya 109 kwa mwaka kwa kila watu laki moja, Dar ilikua kama 316. Presha ndo namba moja kwenye vinavyosababisha, na presha haina dalili, kichwa kutokuuma siyo kipimo. Zaidi ya 140 kwa 90 ukipima siku tofauti, muone daktari, na dawa ukipewa hazina likizo.

Mjomba sasa anatembea na fimbo, vifungo vya kanzu anafungiwa na mjukuu. Mkewe kanunua mashine ya presha na daftari la shule la kurasa 48, kila asubuhi anaandika presha, dawa kameza au la, na usiku kabla ya kulala anaandika saa na neno moja, "mzima". Daktari wa kliniki alipoliona akaomba alipige picha.